Baba yake hakunikataza kumuoa, alinipandisha cheo

Karani wa Stoo:

Wakuu heshima kwenu. Huu uzi nimeuandika nikaufuta mara tatu, leo nimesema liwalo na liwe.

Juzi nilikuwa natoka Posta naelekea Kisutu kwa miguu, nikapita mtaa mmoja wa kule Uhindini (jina naliacha) nikakuta lile jengo nililofanyia kazi ujana wangu limezungushiwa mabati, wanabomoa. La ghorofa mbili, lile la kizamani lenye baraza za mbao na mwaka umeandikwa juu kwa saruji. Mwakani hapo litaota ghorofa refu la vioo kama majirani zake. Nikasimama kama zuzu, jua la saa nane, muuza madafu akaniuliza mzee umepoteza kitu? Nikanunua dafu ili nipate sababu ya kuendelea kusimama.

Mwaka 1996 niliingia pale kama mtunza stoo. Nina miaka 21, form four ya kujikongoja, kwetu Ilala, mzee alishafariki na bi mkubwa alikuwa anafua nguo kwenye nyumba za Wahindi Upanga. Duka la vifaa vya umeme, waya, swichi, holda, fyuzi, mota za pampu. Tajiri, ndivyo tulivyokuwa tunamuita wote, simsemi kwa ubaya, mshahara tarehe 30 kabla ya adhana ya adhuhuri na ukifiwa gari la duka linabeba maiti. Ila pale dukani kulikuwa na seti mbili za vikombe. Vya udongo vyenye maua vya familia na wateja wakubwa, na vya plastiki vya bluu vya sisi. Hakuna aliyewahi kutuambia msitumie vya maua. Ulikuwa unajua tu, kama unavyojua mlango upi ni wako.

Z ni binti yake wa pili. Alimaliza form six akaletwa dukani kushika vitabu vya hesabu mwaka 1997. Wale mnaosema Wahindi Kiswahili chao cha kuokoteza, huyu babu yake alizaliwa Kilwa Kivinje, akiamua kukuchana kwa Kiswahili cha pwani unaomba poo mwenyewe.

Siku moja tunahesabu mali mwisho wa mwezi, umeme umekatika, jenereta imegoma, tunahesabu holda kwa tochi. Mimi nahesabu yeye anaandika. Nikakosea, 340 nikasema 430, akacheka sana, halafu akanyoosha mkono akachukua kikombe changu cha bluu akamalizia chai iliyobaki, chai ya baridi ile. Akakirudisha pale pale. Akasema haya endelea, za skrubu ngapi? Wakuu mimi nilishindwa kuhesabu.

Naenda kuswali nikirudi naendelea.

Mtoto wa Gerezani:

Hii chai haina hata majani. Mhindi gani wa kukaa stoo na wewe na tochi bila baba yake kuwepo?

Karani wa Stoo:

Mkuu baba yake alikuwepo, alikuwa chini anafunga mahesabu ya keshi. Ndio maana alichukua kikombe akakirudisha kimya kimya.

Mama Wawili:

Nimeweka kambi hapa. Leta mwendelezo acha kujibizana na hao.

Karani wa Stoo:

Sasa mtu atauliza mlikuwa mnakutana wapi. Dar yote hii hatukuwa na pa kukaa. Kwetu Ilala akiingia tu mtaa mzima unatoka nje, watoto wanaimba. Kwao ni Upanga kwenye flati za Msajili, mimi pale napanda kwa ngazi za nyuma zile za chuma za mzunguko nikipeleka mzigo, zile zile alizokuwa anapanda mama yangu na beseni la nguo. Jumapili jioni familia yao ilikuwa inaenda Coco Beach, wanapaki gari wanakula mihogo ndani ya gari vioo vimeshushwa, na mimi napita na washkaji kwa miguu ufukweni, nageuka nyuma mara moja tu. Mara moja. Hiyo ndiyo ilikuwa date yetu vijana.

Simu ya dukani ikilia mara mbili ikakatika nilikuwa najua ni yeye yuko kwao, kafika salama. Nami nilikuwa natumia zile simu za kadi za mtaani, napiga, akipokea mtu mwingine nakata. Nimekula kadi za watu mpaka leo nadaiwa.

Na tulikutana Mnazi Mmoja mara nyingi kuliko sehemu yoyote, yeye anatoka Kisutu mimi natoka Kariakoo, tunapishana pale katikati kama hatujuani, tunaongea dakika mbili tunaachana. Alikuwa anavaa baibui, mimi kanzu siku ya Ijumaa. Hapa niliweke wazi kwa sababu najua mtalileta: wote Waislamu. Madhehebu tofauti ndiyo, lakini kibla kimoja, Ramadhani moja. Ingekuwa dini ningesema sawa, ningeelewa.

Mzee wa Ilala Sharifu Shamba:

Kijana umetaja Mnazi Mmoja nimesisimka, labda hujui ulichokuwa unafanya pale.

Ule uwanja haukubaki wazi kwa bahati. Wajerumani walipoufanya mji huu makao makuu mwaka 1891 walianza kuugawa, na Waingereza walipokuja baada ya vita wakaukoleza mgawo. Uzunguni upande wa bahari mpaka Oysterbay, Uhindini hapo katikati, Uswahilini Kariakoo na Ilala. Kati ya Uhindini na Uswahilini likaachwa eneo tupu lisijengwe, wenyewe walisema ni kwa sababu za afya, magonjwa yetu yasiwafikie. Ndiyo hiyo Mnazi Mmoja. Kwa hiyo wewe na mwenzio mlikuwa mnapeana miadi kwenye ukuta wenyewe.

Na haikuwa ardhi tu. Shule tatu, mishahara ngazi tatu, Mzungu juu, Mhindi kati, Mwafrika chini, hata hospitali. Mimi nimezaliwa 1947 nimeyaona. Hata kura. Uchaguzi wa kwanza ule wa 1958 na 1959 kila mpiga kura ilibidi achague watatu, Mwafrika mmoja Mhindi mmoja Mzungu mmoja, asipofanya hivyo kura imeharibika. TANU nusura ivunjike kwa hilo, mkutano wa Tabora Januari 1958, wengine walitaka tususie, Nyerere akashawishi tuingie hivyo hivyo. Zuberi Mtemvu akajitoa akaanzisha chama chake cha Waafrika. Na Oktoba 1961 bungeni kwenye mjadala wa uraia, wapo waliotaka uraia uwe wa mweusi tu, Mwalimu akawaambia yuko tayari serikali yake ijiuzulu kuliko kukubali hilo. Sheria ikapita ya raia wote. Kwa hiyo kisheria yule binti alikuwa Mtanganyika kama wewe. Kisheria.

Dogo Janja wa Tandika:

Shkamoo mzee. Ila mambo ya 1958 yanahusiana nini na jamaa kukosa demu miaka ya tisini? Ukoloni umeisha kitambo, Wahindi ni wabaguzi tu basi. Wanatuita golo, tusi lao kwetu weusi, huku wanakula hela zetu.

Mzee wa Ilala Sharifu Shamba:

Marhaba. Uliza flati za Msajili zilikuwa za nani kabla ya Msajili.

Karani wa Stoo:

Mzee umenisaidia kufika nilipokuwa naogopa kufika. Lile jengo la duka na ile nyumba ya Upanga zilikuwa zao. Babu yake Z alijenga. Mwaka 1971 serikali ikachukua majengo yote ya kupangisha yenye thamani ya kuanzia shilingi laki moja, usiku mmoja umelala mwenye nyumba umeamka mpangaji. Tajiri alikuwa analipa kodi ya nyumba aliyozaliwa yeye. Kwanza kwa Msajili wa Majumba, halafu Shirika la Nyumba. Z alinisimulia kwamba babu yake mpaka anakufa alikuwa akipiga msumari ukutani anasema nachafua mali ya serikali.

Kwa hiyo mimi nilikuwa namuona yeye ndiye mwenye nchi, gari, jenereta, simu ya mezani. Yeye nyumbani kwao kila siku wanaongelea nani kahamia Canada, nani kapata visa ya Uingereza, sanduku lipo chini ya kitanda. Nilimwambia siku moja nyie mna bahati. Akaniuliza, bahati ya kuogopa?

Dada wa Upanga:

Nimesoma nikasema nipite, nimeshindwa. Mimi ni Mhindi, hao mnaowaita ponjoro. Pasipoti yangu ya Tanzania, bibi yangu kazikwa Lindi, na nikipanda bajaji naambiwa dada mbona unajua Kiswahili. Haya.

Dogo wa Tandika neno golo lipo, silitetei, nimelisikia mezani kwetu utoto wote. Ila ngoja niwaambie ukuta umejengwa na nini maana mnaona rangi tu. Jumuiya ndiyo inayokupa shule, ndiyo inayokulipia hospitali ukikwama, ndiyo inayokupa flati kama hali yako mbaya, inakuoza na inakuzika. Kila kitu. Ukiolewa nje hakuna atakayekupiga, wanakusahau tu. Mama hapokei salamu sokoni. Mdogo wako akitafutiwa mchumba watu wanauliza, yule dada yake siye yule aliyeolewa na... halafu wananyamaza. Mdogo wako analipa deni lako. Mimi nilimpenda Mchaga, miaka minne, nikarudi nyuma kwa sababu ya wadogo zangu watatu wa kike. Mnaweza kuniita mwoga.

Na kingine ambacho huwa hakisemwi. Wajomba zetu wa Tabora, Singida, Lindi, wamezaa na wanawake wa Kiafrika kila mji wenye duka. Machotara wapo, tunawajua majina. Hakuna kikao kilichokaa. Kikao kinakaa binti akipenda.

Mama Wawili:

Dada umeniliza. Hiyo aya ya mwisho ingekuwa uzi peke yake.

Kobe la Baharini:

Tuwe wakweli lakini, hofu yao nayo ina mahali ilipotoka. Mwaka 1970 Zanzibar mabinti wa Kiajemi waliozeshwa kwa nguvu kwa wakubwa wa serikali, wazee wao waliopinga wakawekwa ndani, eti kuondoa ubaguzi. Mhindi wa Dar wa wakati ule mwenye binti wa miaka 15 alifanya nini? Alimpeleka nje. Habari ile iliruka bahari kabla ya gazeti. Sasa tajiri wa jamaa 1970 alikuwa kijana, ana dada zake. Kuchanganyika kwa amri ya bunduki kuliwaharibia hata waliotaka kuchanganyika kwa hiari.

Mtoto wa Gerezani:

Sawa nimekubali si chai. Cheo kiko wapi? Kichwa cha uzi kinasema cheo.

Karani wa Stoo:

Nakuja huko.

Juni 1999 tukaenda ofisi ya mkuu wa wilaya kuuliza ndoa ya serikali. Yeye 22, mimi 24. Sheria ya Ndoa ya 1971 inasema mwanamke aliyefikisha miaka 18 hahitaji ridhaa ya baba. Karani wa pale mama mmoja mtu mzima alituangalia akavua miwani akaivaa tena. Akasema mnajaza fomu, tangazo linabandikwa siku 21, asipotokea mwenye pingamizi la kisheria mnafunga. Z akauliza, pingamizi la kisheria ni lipi? Mama akataja, kama mmoja ana ndoa nyingine, kama ni ndugu wa damu, kama hajafikisha umri. Z akauliza tena, na kama ni Mhindi? Yule mama akacheka, akasema hilo halimo mwanangu.

Mnajua wenzetu Afrika Kusini walikuwa na sheria kabisa tangu 1949, Mzungu asioe asiye Mzungu, ikafutwa 1985. Seretse Khama, mrithi wa uchifu kule Bechuanaland (Botswana ya leo), alipomuoa Ruth, Mzungu, London mwaka 1948 serikali ya Uingereza ilimzuia asirudi kwao Bechuanaland miaka sita mizima ili kuwaridhisha Makaburu. Wale walikuwa na mtu wa kupigana naye, barua ya serikali ina sahihi, unajua ni nani kakukataza. Sisi tulikuwa na ubao wa matangazo na pini nne. Sheria yote iko upande wetu.

Siku ya tisa mtu wa jumuiya yao kaenda pale kwa shughuli zake akasoma ubao.

Siku ya kumi asubuhi tajiri akaniita ofisini juu. Nikajua leo polisi. Akaniambia kaa. Miaka mitatu sijawahi kukalia kile kiti. Akaita chai, ikaja kwenye vikombe vya maua, viwili, kimoja akakisogeza kwangu yeye mwenyewe kwa mkono wake. Akaanza kuongea habari za Mwanza. Kwamba anafungua tawi Mwanza, migodi inaanza kule, umeme utahitajika, anataka mtu mwaminifu, asiyeiba, anayejua mali. Mshahara mara nne. Nyumba Nyakato imeshalipiwa mwaka. Asilimia ya mauzo. Akasema tiketi ya treni ya Alhamisi daraja la pili hii hapa, na bahasha ya mama yako hii hapa, najua magoti yake mabovu asipande ngazi tena.

Jina la binti yake hakulitaja hata mara moja. Hakunitukana. Nilikunywa chai yote wakuu.

Mama Wawili:

Usiniambie ulienda.

Karani wa Stoo:

Nilikwenda nyumbani kwanza. Bi mkubwa akahesabu bahasha, akakaa kimya, akasema, mwanangu chukua. Nikamwambia mama kuna binti. Akasema najua, nani asiyejua. Mimi nimefua shuka zao miaka kumi na tisa, yule hawezi kukaa na mimi chumba kimoja na sebule hapa Ilala, na mimi siwezi kukaa mbele yake nikamuona anashika fagio. Ataniita mama, mimi nitataka kumuita dada kwa mazoea ya kazi. Wajukuu zangu watanionea haya. Yaani naye alikuwa na ukuta wake, na wa kwake umejengwa kwa sabuni.

Nikajiambia naenda nakusanya hela, narudi baada ya mwaka namchukua kiume. Siku ile ile nikampa Z hiyo hotuba pale Mnazi Mmoja. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akauliza, zimebaki siku ngapi? Nikasema kumi na moja. Akasema si ungengoja kumi na moja ndiyo uende ukiwa na mke? Sikuwa na jibu kwa sababu jibu nililijua, kazi ile ilikuwa ya mtu asiyengoja.

Alhamisi nikapanda treni. Wiki iliyofuata Jumatatu simu ya duka la Mwanza ikalia mara mbili ikakatika. Halafu ikalia tena nikapokea. Akaniambia leo siku ya 21, nimetoka bomani, yule mama wa miwani kaniuliza mwenzako yuko wapi nikamwambia yuko kazini. Akasema hakuna aliyeweka pingamizi. Baba hata hakufika. Tangazo wamelitoa nimeliomba nimepewa.

Ndiyo mara ya mwisho. Mwaka 2001 nikasikia kaolewa, yuko nje, watoto. Nina familia yangu pia nashukuru Mungu, wife anaijua hii habari nusu.

Dogo Janja wa Tandika:

Daaah mkuu. Yaani mzee alikununua kwa hela ya mota za pampu. Mimi nilikuja humu kutukana Wahindi nimekosa pa kuanzia.

Kobe la Baharini:

Tusimhukumu. Mshahara mara nne 1999, mama anapanda ngazi za chuma na beseni. Wengi wetu tungeomba na hela ya kula njiani.

Dada wa Upanga:

Mimi sikuhukumu. Ila naomba nikuulize kitu kimoja maana kuna neno umelirusha mwanzoni ukapita. Vikombe. Ulikaa Mwanza miaka mingapi, ukawa bosi, una vijana wa stoo chini yako. Pale kwenye tawi lako vikombe vilikuwa seti ngapi?

Mama Wawili:

Mungu wangu dada.

Mtoto wa Gerezani:

Karani yuko onlaini naona taa ya kijani, jibu mkuu.

Karani wa Stoo:

Nilikaa kumi na mbili.

Mbili dada. Changu nilikinunua soko la Kirumba mwezi wa kwanza ule ule, cha udongo, kina maua. Nilikuwa nakifungia kabatini. Vijana nikawanunulia vya plastiki dazani nzima, rangi hawakuniuliza na mimi sikuwaambia.

Mzee wa Ilala Sharifu Shamba:

Kalale mwanangu. Kesho pita hapa nyumbani, nipo barazani tangu asubuhi, kahawa ipo.